Mwalimu na Mjerumani Wake

Sijapata kumwona mtu mwoga kama Mwalimu, na sijapata kumwona mtu aliyejitia kwa hiari yake katika mambo ya kutisha kama yeye. Ukimwuliza habari za asubuhi, anafikiri kwanza. Ukimkaribisha kiti, anakitikisa. Wingu likitanda juu ya Chumbageni, yeye keshafunga madirisha yake na anagonga ya kwangu: "Mama Neema, mvua hiyo, funga!" Mvua yenyewe pengine inanyesha Maramba huko, sisi hatupati hata tone. Na mtu huyo huyo ndiye aliyekaa miaka akisoma, kwa Kijerumani, kitabu kizima kilichoandikwa juu ya hofu na kufa.

Tulikuwa majirani wa ukuta mmoja, mie na cherehani yangu barazani, yeye na vitabu vyake chumbani. Asili yake sitaisimulia. Kwanza siijui vizuri, pili mwenyewe hakupenda kuulizwa. Najua tu kwamba alisoma shule ya Wajerumani hapo mjini zamani, kabla Mwingereza hajaingia, na kwamba Kijerumani kilimkaa kichwani pamoja na viboko alivyokipatia. Nilipomjua mimi, miaka ya hamsini, kichwa kilikuwa mvi tupu, mkewe ameshamtangulia, naye anafundisha hesabu na maandiko katika shule ya misheni yetu sisi Walutheri.

Vitabu alivipata kwa njugu. Bwana mmoja wa Kizungu, karani wa shamba la mkonge, alikuwa anafunga virago arudi kwao, vitu vyake vikauzwa mnadani Ngamiani: vitanda, sufuria, saa ya ukutani. Vitabu havikupata mtu. Muuza njugu akaviokota afungie njugu zake. Mwalimu akanunua njugu, akafungua karatasi, akasoma, akasahau kutafuna. Alirudi mbio. Mbio, Mwalimu! Akaviokoa vitatu. Kimoja kilikuwa cha Mjerumani mwenyewe, mwanafalsafa wa siku hizi hizi, tena pungufu ya kurasa zilizokwisha kuliwa na njugu. Viwili vilikuwa vya wanavyuoni wenzake wa huko huko Ujerumani, kila mmoja akieleza yule wa kwanza alikusudia nini, na hawapatani hata kidogo.

Jina la huyo mwanafalsafa nililisikia mara nyingi na ulimi wangu haukulitaka. Mtaani sote tulisema "Mjerumani wa Mwalimu," na yakasemwa sana hayo mpaka watu wageni wakadhani ni mpangaji. Kuna mama mmoja, mwezi wa Ramadhani, alimletea Mwalimu futari sahani mbili, ya pili ati ya yule Mjerumani ambaye hatoki ndani. Mwalimu alizipokea zote mbili, akashukuru sana, akala.

Alikuwa na tabia moja iliyonikera, nitaisema hapa hapa. Hakuna neno alilolikubali kwa mtu mmoja. Akienda feri kununua samaki, anamwuliza muuzaji kama ni wa leo, kisha anamwuliza muuzaji wa pili juu ya samaki wa yule wa kwanza, kisha anasimama kati yao akipima. Samaki anaozea pale pale kwenye mashauri. Siku moja nilimshonea suruali. Akaivaa, akaisifu, akaondoka. Nusu saa baadaye nasikia yuko kwa fundi mwingine barabara ya pili, anamwuliza ana maoni gani juu ya pindo langu! Nilimvaa. "Mwalimu, mie nimekushonea miaka yote, leo unanipelekea suruali yangu kwa hakimu?" Akashtuka kwelikweli. "Si kwamba sikuamini, mwanangu. Ni kwamba wewe umeishona. Aliyeishona hawezi kuwa ndiye anayeieleza." Nikamwambia kama ni hivyo, basi na ashonewe na yule anayeieleza. Tulinuniana mpaka Jumapili.

Tabia hiyo alizidishiwa na Sheikh. Sheikh alikuwa jirani yetu wa upande wa pili, mtu mkubwa wa mwili na mpole wa sauti, na baada ya swala ya alasiri alikuwa akisomesha darsa barazani kwake. Mwalimu, Mlutheri wa kubatizwa, alikuwa akikaa ngazini, nje ya mkeka, kofia mkononi, anasikiliza. Alivutiwa na utaratibu wao. Msomaji anasoma matini, yaani maneno yenyewe ya kitabu, haongezi wala hapunguzi. Kisha Sheikh anashusha sharhi, yaani maelezo ya wanavyuoni: fulani kasema hivi, fulani kampinga, na kauli yenye nguvu inakuja mwisho. Pengine matini husomwa leo na sharhi ikangojwa darsa ijayo, ili watu wakae na maneno kwanza.

"Hawa wana adabu ya kusoma," aliniambia Mwalimu, uso umemng'aa. "Sisi tunakimbilia jibu hata swali halijakaa kitako."

"Na mtu akifa kabla ya darsa ijayo?" nikamwuliza.

Uso ukazimika. Nilijuta kusema. Alikaa siku mbili akijishika kifua.

Maana kufa alikuogopa, jamani, alikuogopa hadharani bila haya. Jeneza likipita, yeye hupita uchochoro mwingine, hata kama la mtu wake. Akikohoa, anasikiliza kikohozi chake. Aliwahi kunifanya nimshonee shati jeupe la kuzikiwa, nilipolimaliza akakataa kulipokea, akaniomba nilitunze mimi, na kila akija barazani hatazami upande wa kabati. Lakini nyuma ya hofu zake zote ilikuwapo moja iliyo kubwa, nami nilikuja kuijua makaburini. Mkewe amelala katika makaburi ya kanisa letu, na pembeni yake wazee wa kanisa walimwekea Mwalimu nafasi. Kila Jumapili baada ya ibada alikwenda kung'oa majani juu ya kaburi la mkewe, kisha akang'oa na ya pale pembeni, mahali patupu.

"Unapalilia nini hapo, Mwalimu?"

"Nachunga nafasi yangu, Mama Neema. Watu wa mji huu wanaweza kukukalia kiti hivi hivi." Alicheka, ila macho hayakucheka. "Nikilala mbali na yule mama, nitakuwa nimepotea mara mbili."

Na kwetu ilikuwa inawezekana kupotea namna hiyo. Mtu aliyetengwa na ushirika, aliyezuiwa Meza ya Bwana, akifa kabla ya kurudishwa hazikwi pale. Anapelekwa makaburi ya serikali, hapigiwi kengele, na mchungaji hendi. Kila Mlutheri wa Chumbageni alilijua hilo.

Sasa, huyo Mjerumani alisema nini? Nitaeleza nilivyoelezwa, nikishona. Siku moja Mwalimu aliniuliza, "Ukisikia fulani kafa, unasemaje?"

"Nasema poleni, Mungu ampumzishe."

"Kisha?"

"Kisha naendelea kushona. Sare za watu zitajishona?"

"Ndiyo hivyo!" Akapiga paja. "Mjerumani anasema sote tunasema 'watu hufa,' na hao watu kamwe si sisi. Tunajificha katikati ya watu. Anasema tena, iko hofu ya kitu, kama hofu ya nyoka. Ukimwua nyoka, hofu imekwisha. Na iko nyingine haina nyoka. Umekaa kwako, mlango umeufunga, chakula kipo, na moyo unakwenda mbio. Hiyo ndiyo inayokuonyesha kwamba wewe ni wewe, na kwamba utakwisha."

"Na dawa yake nini?"

"Hakuandika dawa."

"Basi kitabu gani hicho!"

Alicheka mpaka akakohoa. Kisha akaniuliza kama mlango wa uani nimeufunga.

Naamini hapo ndipo palipomshika. Watu wote maisha yake walimwambia asiogope. Mama yake, walimu wake, wachungaji, mie mwenyewe. Akatokea mtu mmoja, mgeni, wa mbali, akamwambia kuogopa kwako si ujinga, kuna kitu unakiona. Mtu akikwambia hivyo huwezi kumwacha, hata kama mengine yake yanakutia mashaka. Na mashaka yalikuwapo. Mwalimu alikuwa amesoma kwamba Mjerumani huyo, wakati wa vita, alisimama upande wa serikali ile mbaya ya kwao. Jambo hilo lilimwuma. Sheikh alimwuliza waziwazi, "Mtu mwenyewe ni mwema?" Mwalimu akajibu, "Nasikia si mwema." Wakanywa kahawa.

Wale wanavyuoni wawili aliwapa majina, Mkali na Mpole, tukawazoea kama watu wa mtaani. Mkali alisema Mjerumani amemfukuza Mungu nyumbani na kuacha taa inawaka tu, na kwamba katika mafundisho yake Msalaba hauna pa kusimama. Mpole alikuwa mwalimu wa wachungaji huko kwao. Yeye alisema hapana, Mjerumani anamweleza mwanadamu alivyo kabla hajasikia Neno, na asiyejua kwamba ameogopa hawezi kujua ameitiwa nini. Mwalimu aliamka na Mkali, akalala na Mpole. Ukimsikia asubuhi amenyong'onyea, ujue amesoma Mkali. Nilipomshauri asome mmoja tu apate usingizi, aliniangalia kama nimemshauri aache kula.

Mume wangu alikuwa karani bandarini na mzee wa kanisa, na ni yeye aliyemwambia Mwalimu, kwa wema tu, "Hayo mambo mbona unayala peke yako? Tusomee na sisi." Basi kila Jumamosi alasiri wakawa wanakuja barazani kwangu: walimu wenzake, karani mmoja wa reli, akina mama wa kwaya, na Sheikh akiwa hana mgeni. Mwalimu anasoma Kijerumani chini chini, kisha anatoa Kiswahili kwa sauti. Aliyaendesha kama darsa ya Sheikh, matini Jumamosi moja, maelezo Jumamosi ya pili. Miezi ilipita vizuri. Nilipika chai, watu walibishana, walicheka, waliondoka.

Mpaka ikafika ile Jumamosi ya kabla ya wiki ya Mateso. Hakuichagua. Ukurasa ulikuwa umefika pale, na Mwalimu hakuwa mtu wa kuruka ukurasa. Mjerumani alikuwa anasema kwamba mtu anaweza kukufanyia mambo mengi: akulimie shamba, akulipie kodi, akusimamie kortini, hata atoe maisha yake kwa ajili yako. Lakini kifo chako hakuondolei. Hicho kila mtu atakufa mwenyewe, na hakuna atakayekuwa badala yake.

Mwalimu akafunga kitabu. "Hayo ni maneno yenyewe. Maelezo Jumamosi ijayo."

Mama mmoja wa kwaya akainuka, akajifunga khanga kiunoni. "Kwa hiyo Bwana Yesu alikufa bure?"

"Subiri maelezo, mama."

"Nisubiri wiki nzima sijui kama nimeokoka? Wiki yenyewe ya Ijumaa Kuu?"

"Ndiyo utaratibu, mama."

Loo! Utaratibu! Nilimwona Sheikh ameinamisha kichwa. Yeye alikwisha kuona. Walipoondoka wote alimwambia Mwalimu kwa upole, "Ndugu yangu, waite kesho. Wale wanangu wa darsa wamelelewa na mambo haya. Kwetu mtu akisoma kauli ya mpinzani, hakuna anayedhani ni yake, hata ikiwa ya kufuru. Wako hawajazoea." Mume wangu akaongeza, "Kwetu, Sheikh, mtu akisimama mbele ya watu akasoma, huo ndio ushuhuda wake." Mwalimu alikwisha kuingiwa na baridi, lakini akasema maneno hayajakaa kitako, na watu wazima wanaweza kungoja wiki moja. Mwoga yule! Katika kila jambo la dunia alikuwa tayari kukimbia, ila katika kusoma hakukubali kuharakishwa.

Wiki ile sitaki kuikumbuka. Jumatatu maneno yalikuwa sokoni. Jumanne yalikwisha kuota pembe: Mwalimu kasema Msalaba ni uongo, Mwalimu anafundisha dini ya Wajerumani, Mwalimu amesilimu kwa siri kwa Sheikh. Wateja wangu wawili walichukua vitambaa vyao kabla havijashonwa. Mie nilikuwa nikisikia hodi moyo unaruka. Mwalimu alikuwa anakwenda shule na kurudi akiwa ameloa jasho, anakaa mlangoni kwangu, anauliza, "Wamesema nini leo?" Nikidanganya kwamba hawakusema kitu, anajua.

Jumatano baraza la wazee likamwita. Yaliyopita huko niliambiwa na mume wangu, naye hakuwa mtu wa kuongeza chumvi. Mchungaji alimwuliza kama anasadiki kwamba Kristo alikufa kwa ajili yake. Akasema anasadiki, na akalia. Wangemwacha hapo! Mzee mmoja akasema, "Basi tamka kwamba maneno uliyosoma ni ya uongo, twende nyumbani." Mwalimu akasema hawezi kutamka hivyo kabla hawajasikia wanavyuoni. Mchungaji, mtu wa haki kwa kweli, akasema haya, tusikie. Mwalimu akatoa vitabu mfukoni. Na kwa utaratibu wake wa darsa, kauli dhaifu kwanza na yenye nguvu mwisho, akaanza na nani? Akaanza na Mkali!

Akawasomea jinsi katika mafundisho ya mtu huyu Msalaba usivyo na pa kusimama. Akawatafsiria vizuri, kwa sauti ya darasani. Alipogeuza ukurasa ashike kitabu cha pili, Mchungaji akainua mkono. "Inatosha, Mwalimu. Mwanachuoni wako mwenyewe amekwisha kuhukumu." Wakapiga kura ya kumtenga. Mume wangu aliinua mkono pamoja na wenzake. Usiku ule nililala nimempa mgongo, na uliofuata pia.

Kesho yake nilimfuata Mwalimu kwake. Alikuwa amekaa kitandani na viatu. "Na Mpole anasemaje?" nikamwuliza.

Akanieleza. Mpole anasema neno hilo Mjerumani hakulibuni. Mwanzilishi wa kanisa letu sisi wenyewe alilisema juu ya mimbari, karne nyingi nyuma: kwamba sote tumeitiwa kifo, kila mtu atakutana nacho mwenyewe, na hata tukipigiana kelele masikioni mmoja hatakufa kwa niaba ya mwingine, kwa hiyo kila mtu ajiweke tayari. Aliyesema hayo ndiye huyo huyo aliyetufundisha kwamba Kristo ametufia. Mpole anasema yote mawili yanakaa nyumba moja.

"Unayo hiyo, na hukuanza nayo?" Nilipiga kelele, kweli nilipiga kelele, nikasahau kwamba ni mtu mzima. "Kwa nini hukuanza nayo, Mwalimu?"

"Kauli yenye nguvu huja mwisho."

"Imekuja mwisho, na wewe umeshatolewa nje!"

Shule nayo ikampumzisha mwisho wa mwezi. Akawa anafundisha watoto hesabu nyumbani, wengi wao watoto wa darsa ya Sheikh, maana wetu walikatazwa.

Jumapili hakukosa kanisani hata moja. Waliotengwa walikuwa na benchi lao la nyuma: wasichana waliopata mimba nyumbani, wanaume walioongeza mke, mzee mmoja wa pombe. Mwalimu akakaa nao, akawa anawatafutia kurasa za nyimbo. Meza ikiandaliwa, wanatoka nje pamoja, wanasimama uani. Niliwahi kumwona kupitia dirishani, amejipanga mstari na wale wasichana, kofia mkononi. Iliniuma sana. Makaburini aliendelea kung'oa majani ya mkewe, lakini ya pale pembeni akayaacha. Yakaota mpaka magotini.

Kurudi kulikuwa rahisi kwa yeyote aliyetaka. Unasimama mbele ya ushirika Jumapili, unasema nimekosea, naomba radhi, Mchungaji anakushika mkono, wanaimba. Mwalimu alijiandaa mara nyingi. Alivaa koti, akafika mlangoni pangu, akarudi. Nilimwomba, nilimkaripia, nilimbembeleza. "Sema tu, Mwalimu. Maneno mawili. Mungu anaujua moyo wako."

"Naogopa kusimama mbele ya watu wote wale," alisema. Nikamwambia nitasimama naye. Akatikisa kichwa. "Na naogopa zaidi kusema uongo mbele ya Meza ile. Nikisema maneno yale ni kosa, na si kosa, nitakuwa nimekula kwa uongo. Nikinyamaza nikafa hivi, nalala mbali na yule mama. Huku nyoka, huku nyoka, Mama Neema." Alimwuliza Sheikh, na Sheikh akamwambia arudi kwa watu wake. Akawauliza Mkali na Mpole, akawasoma upya wote wawili tangu mwanzo. Akaanza kuhangaika na zile kurasa zilizofungiwa njugu, kwamba pengine Mjerumani alilieleza jambo hilo humo na watu wameshazitupa Ngamiani. Miaka ikaenda hivyo, na sisi tunaomwangalia tulikuwa tunazeeka kwa wasiwasi.

Kisha miguu ikaanza kuvimba. Ilianza kidogo, akaificha kwa soksi. Ikapanda. Daktari wa hospitali kuu akasema moyo, akampa vidonge, akamwambia apumzike. Mwalimu akamwuliza daktari wa pili juu ya daktari wa kwanza, na safari hii wote wawili walipatana. Alirudi nyumbani amekuwa na sura ya majivu. Kitanda chake tukakisogeza karibu na dirisha apate hewa.

Mume wangu alikuwa amekaa miaka hiyo yote hamtazami usoni. Jumamosi moja alirudi kazini, hakuvua hata kofia, akaniambia twende. Tukaingia kwa Mwalimu.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, Baba Neema. Umenijia na nini?"

Kanisani kwetu mgonjwa asiyeweza kusimama husimamiwa na mzee wa kanisa. Mzee anakwenda mbele, anatamka kwa niaba yake, na ushirika unampokea. Mume wangu alisema, "Niruhusu nikusimamie kesho."

Mwalimu alishika shuka. "Utasema nini?"

"Nitasema umekosea."

"Nimekosea nini?"

Nilidhani yameanza yale yale. Mume wangu alivua kofia, akaizungusha mikononi, akafikiri. Mwisho akasema, "Ulitushushia maneno mazito, ukatuacha nayo wiki nzima bila maelezo. Na wewe ulikuwa nayo. Yule mama wa kwaya alikesha akilia. Mimi mwenyewe sikulala. Hilo ndilo kosa, Mwalimu. Lile jingine sitalitaja."

Mwalimu alimwangalia kama ndiyo kwanza anamwona. Machozi yakamtoka, akayaacha yatiririke. "Hilo kweli," akasema. "Hilo nimekosea. Miaka yote hii hakuna aliyeniambia. Nenda kaseme hilo."

Jumapili sikwenda kanisani. Nilikaa naye. Hofu iliyokuwa chumbani mle sijaiona tena popote. Alisema mume wangu atasahau maneno. Alisema watamzomea. Alisema Mchungaji atauliza na yule hatakuwa na jibu. Nilimpa maji, hayakushuka. Kengele ilipolia alinishika mkono, na mkono ulikuwa wa baridi, unatetemeka, na mimi natetemeka, sijui ni yupi aliyekuwa anamtetemesha mwenzake. Tukangoja ibada nzima.

Mume wangu akaingia, shati limemganda mgongoni. "Wamekubali, Mwalimu! Wote wamesimama. Yule mama wa kwaya ndiye aliyeanza wimbo. Mchungaji anakuja alasiri na Meza."

"Mbele alisimama nani?" akauliza Mwalimu.

"Mimi, kwa niaba yako."

"Basi wamekukubali wewe." Alivuta pumzi kwa shida. "Na mimi je?"

Mume wangu akanigeukia. Nikajibu haraka, "Na wewe, Mwalimu. Na wewe pia."

"Unasema hivyo kwa kuwa unajua, mwanangu, au kwa kuwa unaniogopea?"

Ningeweza kumdanganya. Nilimwambia, "Nakuogopea. Naogopa kama wewe."

"Ahsante," akasema. "Basi usiondoke."

Mchungaji alikuja alasiri, akamlisha mkate, akamnywesha kikombe, na kidogo kikamwagika shukani kwa kule kutetemeka. Sikuondoka siku hiyo wala iliyofuata. Walimzika pembeni ya mkewe, kengele ikapigwa, Sheikh akasimama nje ya ukuta na wanafunzi wake mpaka mwisho. Hayo yote alifanyiwa, na yalifanywa vizuri. Lakini mie kinachonijia mpaka leo ni asubuhi ile aliyokufa, kabla ya kengele ya mazishi. Nimemshika mkono kwa mikono yangu yote miwili, namwita, "Mwalimu, nipo, Mwalimu," naye ananiangalia kwa hofu ile ile yake, ananiangalia tu, na anakwenda, na mie niliyemshika sikuweza kumsindikiza.